Lamarque, Merello au Niní Marshall: uanze na nani katika sinema ya zamani ya Argentina?

Anayetaka kuijua sinema ya Argentina ya miaka ya 1930 hadi ya 1950 kupitia waigizaji wake wa kike hukutana na majina matatu kabla ya mengine yote: Libertad Lamarque, Tita Merello na Niní Marshall. Kila mmoja ana filamu za kukushughulisha miezi kadhaa, na kila mmoja ana mashabiki wanaoapa kwamba wale wawili wengine hawamfikii hata robo. Ukianza na asiyekufaa utadhani sinema yote ile ni makelele ya wazee, utazima na hutarudi.

Jibu kwa mwenye haraka: kipimo ni Kihispania chako. Wote watatu walijengwa na sauti kuliko sura. Lamarque anaimba, Merello anasema, Marshall anaivuruga lugha kwa makusudi. Kama Kihispania hukijui kabisa, anza na Lamarque. Kama unakielewa kidogo, au umepata nakala yenye manukuu (maandishi ya tafsiri chini ya picha) yaliyoandikwa na mtu na si mashine, nenda kwa Merello. Marshall mwache hadi siku ambayo mtu wa Buenos Aires anaweza kukutania ukacheka bila kuuliza. Isipokuwa kwa filamu yake moja, tutaifikia.

Sauti ilivyobadili mchezo

Argentina ilikuwa na sinema bubu iliyochangamka. *Nobleza gaucha* ya 1915 ilijaza kumbi, na katika miaka ya 1920 mwongozaji José Agustín Ferreyra alitoa filamu za mitaa ya pembezoni mwa Buenos Aires, María Turgenova akiwa uso wake mkuu. *Perdón, viejita* ya 1927 ni mojawapo ya chache zilizosalia. Mwaka 1931 wawili hao walitoa *Muñequitas porteñas*, ambayo mazungumzo yake yalisikika, ila sauti ilikuwa kwenye santuri iliyochezwa sambamba na mkanda. Ubaya wa mfumo ule anaujua kila fundi aliyeushika: mkanda ukikatika, ukaungwa kwa kutupa picha chache, santuri haina habari. Kuanzia hapo mdomo na neno vinapishana hadi santuri nyingine iwekwe.

Tarehe 27 Aprili 1933 kampuni ya Argentina Sono Film ilionyesha *¡Tango!*, sauti ikiwa imechapwa pembeni mwa mkanda wenyewe. Wiki tatu baadaye studio ya Lumiton ikajibu na *Los tres berretines*. Lumiton ilikuwa ya Enrique Susini na wenzake, wale wale waliorusha opera hewani kutoka paa la ukumbi wa Coliseo mwezi Agosti 1920. Yaani studio yenyewe ilizaliwa na watu wa redio, na ilipotafuta waigizaji haikwenda kutafuta nyuso. Ilikwenda kwenye redio, kwenye kampuni za santuri na kwenye majukwaa ya vichekesho vya muziki, ambako watu walikuwa na sauti inayojulikana tayari.

Lamarque na Merello wote wamo ndani ya *¡Tango!*, na ni kishawishi kizuri kuanza nayo ili uwaone pamoja. Usianze nayo. Ni mlolongo wa nyimbo zilizoshikizwa kwa kisa chembamba, kamera imesimama kama nguzo, na kila mwimbaji anakuja, anaimba, anaondoka. Itazame ya nne au ya tano, ukishawajua. Hapo ndipo utaona jambo la kupendeza: Lamarque ana miaka 24 na bado anaimba kama yuko mbele ya kipaza sauti cha studio ya santuri, wakati Merello tayari anajua kusimama.

Libertad Lamarque: anayeimba pale wengine wangesema

Alizaliwa Rosario mwaka 1908, na tangu 1926 alikuwa akirekodi tango kwa kampuni ya RCA Victor. Sauti yake ni ya juu, nyembamba, safi kama ya mtu aliyefunzwa opera, na kila neno linatamkwa hadi mwisho. Kwa tango hilo halikuwa jambo la kawaida.

Hatua iliyomfanya awe Lamarque ni *Ayúdame a vivir* ya 1936, akiwa na miaka 27. Kisa alikitunga mwenyewe, Ferreyra akaongoza, na kampuni ndogo ya SIDE ya Alfredo Murúa ikagharamia. Hadi wakati huo filamu za tango zilihitaji kisingizio ili mtu aimbe: jukwaa, kabare, redio, sherehe. Hapa kisingizio kiliondolewa. Mgogoro unapofika kwenye kilele, mazungumzo yanakatika na jibu linatolewa kwa wimbo, papo hapo, sebuleni au popote walipo, okestra ikitokea hewani. Aliyekulia na filamu za Kihindi hataona ajabu yoyote, lakini kwa Buenos Aires ya 1936 ilikuwa ajabu, na filamu iliuzwa kote katika Amerika ya Kihispania.

Mfano ulio wazi zaidi uko katika *Besos brujos* ya 1937, mwongozaji yule yule na kampuni ile ile. Lamarque ni Marga, mwimbaji aliyetekwa na tajiri mmoja na kufichwa porini. Jamaa anamlazimisha busu. Kipigo, kilio au hotuba, lolote kati ya hayo lingetosha katika filamu nyingine. Yeye anamwimbia usoni wimbo wenye jina la filamu, na wimbo unaanza kwa kumwambia amwache, hataki kubusiwa. Angalia mikono yake wakati huo kuliko mdomo: haijapangwa kama ya mwimbaji wa jukwaani, inajikinga. Wimbo ni wa Alfredo Malerba na Rodolfo Sciammarella, na Malerba ndiye aliyekuja kuwa mume wake. Huhitaji kuelewa hata neno moja kujua nini kinaendelea, na ndiyo sababu tunamweka wa kwanza kwa asiyejua lugha.

Walioona pesa katika filamu hizo walikuwa Argentina Sono Film, wakamchukua. Matokeo yake ni *Madreselva* (1938, Luis César Amadori, akiwa na Hugo del Carril) na *Puerta cerrada* (1939, Luis Saslavsky). Hii ya pili ndiyo filamu yake bora ya Argentina. Taa na kamera ni za John Alton, yule yule aliyekwenda baadaye Hollywood na kupata Oscar kwa ngoma ya mwisho ya *An American in Paris*. Vivuli vya milango na ngazi unavyoviona pale si bahati, ni kazi ya mtu anayejua kuacha sehemu ya picha gizani. Kisa chenyewe kina machozi ya kujaza ndoo: mwimbaji anaolewa katika familia inayomdharau, anafungwa jela kwa kifo cha mumewe, anatoka akiwa mzee na mwanawe hamjui.

Kwa hiyo: *Besos brujos* kwanza, kwa sababu hakuna mtu mwingine angeweza kuifanya, kisha *Puerta cerrada*, kwa sababu imetengenezwa vizuri zaidi. Wapo wanaopendekeza kinyume. Shida ya kinyume ni kwamba ukishazoea picha za Alton, pori la *Besos brujos* litaonekana la karatasi.

Jihadhari na mambo mawili. La kwanza, ukitafuta jina lake mtandaoni, nyingi ya filamu zitakazojitokeza ni za Meksiko. Alifanya filamu zaidi ya 60, na nyingi zilipigwa huko baada ya 1946, kuanzia *Gran Casino* ya Luis Buñuel (1947) akiwa na Jorge Negrete. Si mbaya, lakini ni Lamarque mwingine: mama anayeteseka, muziki wa Meksiko umechukua nafasi ya tango, na sauti imekaa chini kidogo. Kama lengo lako ni Argentina, weka mpaka 1946. (Mwenye kuikumbuka telenovela ya *La usurpadora* ya 1998, yule bibi Piedad ndiye yeye.)

La pili ni kofi. Utasoma kila mahali kwamba alimzaba kofi Eva Duarte, Evita wa baadaye, mke wa rais Juan Perón, walipokuwa wakipiga *La cabalgata del circo* ya 1945, na kwamba kwa ajili hiyo akafukuzwa nchini. Lamarque alikana kofi hilo hadi anakufa mwaka 2000. Alichokubali ni kwamba walikwaruzana kazini, sababu ikiwa ni kuchelewa kwa Eva kwenye seti. Itazame filamu bila kutafuta chuki kwenye nyuso zao, maana utaiona hata kama haipo.

Tita Merello: aliyesubiri hadi miaka 46

Huyu ndiye tunayempenda zaidi, na ni vyema ulijue hilo kabla ya kuendelea kusoma.

Laura Ana Merello alizaliwa Buenos Aires mwaka 1904, katika nyumba ya kupanga ya vyumba vingi huko San Telmo, baba akafa mapema, sehemu ya utoto ikapita kwenye nyumba ya watoto. Alijifunza kusoma akiwa mtu mzima. Aliingia jukwaani kama mmoja wa wasichana wa kucheza nyuma ya nyota, na sauti yake haikuwa na chochote cha kumsaidia kwa mizani ya Lamarque: nzito, ya kukwaruza, isiyofika juu. Akageuza udhaifu kuwa mtindo. Anauongea wimbo, anaukata mstari katikati, anauachia mwisho kama mtu anayetema ganda la mbegu.

Mwaka 1933 yumo katika *¡Tango!*, 1937 yumo katika *La fuga* ya Saslavsky, na baada ya hapo sinema ikamsahau kwa karibu miaka kumi. Sababu inaeleweka ukitazama filamu za kipindi hicho. Studio zilikuwa na nafasi mbili za mwanamke: msichana mwema anayeteseka, na mwanamke wa kabare anayemtesa. Merello alikuwa amezidi umri wa wa kwanza na alikuwa na akili nyingi mno kwa wa pili. Nafasi ya tatu ilikuwa haijaandikwa.

Iliandikwa Italia. Mwaka 1948 alichukua jukwaani tamthilia ya Eduardo De Filippo juu ya kahaba wa zamani anayemlazimisha mwanaume aliyeishi naye miaka mingi amwoe, ikajaza ukumbi, na mwaka 1950 ikawa filamu chini ya Luis Mottura: *Filomena Marturano*. Ilitangulia filamu ya De Filippo mwenyewe. Ukiitafuta, andika *Filomena* kwa o. Ukiandika *Filumena* utaletewa ya Kiitaliano.

Kisha *Los isleros*, 1951, ya Lucas Demare. Hapa ndipo pa kuanzia. Imepigwa kwenye visiwa vya mto Paraná upande wa San Pedro, nje ya studio, jambo ambalo peke yake linaipa hewa ambayo filamu nyingi za wakati ule hazina: tope ni tope, na mashua inapogeuka mwanga hugeuka nayo. Merello ni Carancha, mwanamke aliyebatizwa jina la ndege mla mizoga, anayeletwa kisiwani kama mke wa Leandro (Arturo García Buhr) na kuogopwa na kila mtu. Miaka inapita, mtoto anakua, naye anapoleta mke nyumbani vita vya wanawake wawili chini ya paa moja vinaanza. Merello hamwombei Carancha huruma hata mara moja. Ni mkali, ana wivu, anasema maneno ya kuumiza na hajutii haraka. Waigizaji wa rika lake wangetia machozi mahali fulani ili mtazamaji asamehe. Yeye anaacha hesabu ikiwa wazi, na unapomaliza unamhurumia kwa hiari yako mwenyewe, jambo gumu kuliko yote katika kazi ile. Filamu ilipata tuzo ya Cóndor de Plata ya filamu bora.

Ya pili iwe *Mercado de Abasto* ya 1955, pia ya Demare. Ni nyepesi zaidi: muuzaji wa soko kuu la mboga la Buenos Aires, mwanaume mwema anayempenda kimya kimya (Pepe Arias), na tapeli anayemwoa. Humo ndimo alimoimba *Se dice de mí*, milonga (wimbo wa jamii ya tango) ya Francisco Canaro na Ivo Pelay ambayo hadi leo ndiyo sahihi yake. Wachache wanajua kwamba mwaka 1943 okestra ya Canaro ilikuwa imeirekodi na mwanaume, Carlos Roldán. Maneno ni ya mtu anayetaja yote yanayosemwa juu yake mitaani, kwamba ni mbaya, kwamba mwendo wake una kasoro, na hakanushi. Kinywani mwa mwanaume ni majigambo. Kinywani mwa mwanamke wa miaka 50 aliyewahi kusahauliwa na studio, ni kitu kingine kabisa. Tazama jinsi anavyoutumia mwili wake wote kuthibitisha kila tuhuma, mkono kiunoni, kidevu juu, huku umati wa sokoni ukicheka pamoja naye.

Mwaka huo huo wa 1955 serikali ya Perón ikapinduliwa, na Merello akahesabiwa kuwa wa upande ulioshindwa. Akafungiwa milango ya studio kwa muda. Aliishi hadi 2002 na akarudi kwenye sinema, lakini kipindi chake cha dhahabu ni kile kifupi cha 1950 hadi 1955. Faida kwako mtazamaji: filamu sita au saba tu na umemjua.

Kasoro ya kuanza naye ni moja. Bila kuelewa anachosema, utaona mwanamke anayegomba. Ucheshi wake uko ndani ya ukali, na ukali bila maneno huchosha.

Niní Marshall: aliyeandika maneno yake mwenyewe

Kazi ya Marshall ndiyo ya kisasa zaidi kati ya hizi tatu, kwa maana ya nani ana mamlaka. Marina Esther Traveso, mzaliwa wa Buenos Aires 1903, alikuwa mwandishi wa magazeti kabla ya kuwa mtu wa redio, na jina la kisanii alilipata kwa kuunganisha vipande vya jina la mumewe, Marcelo Salcedo. Redioni alijitengenezea wahusika wawili wakuu. Cándida ni mfanyakazi wa ndani aliyetoka Galicia, Hispania. Catita ni binti wa wahamiaji wa Kiitaliano, mbeya, mwenye nguo za rangi zote na imani kamili kwamba anazungumza kama mtu wa tabaka la juu.

Mwongozaji Manuel Romero wa Lumiton alipomwita kwa *Mujeres que trabajan* ya 1938, Marshall alikuwa na miaka 35 na hajawahi kusimama mbele ya kamera. Maneno ya Catita aliyaandika yeye. Romero alikuwa mtu wa kupiga filamu haraka, na kwake mwigizaji anayekuja na maneno tayari alikuwa baraka. Nyota kwenye bango alikuwa Mecha Ortiz, lakini watu walitoka ukumbini wakimwiga Catita. Kuanzia hapo studio zikagawana: Lumiton ikamtumia Catita, na EFA ikampiga *Cándida* mwaka 1939.

Ukiwa na Kihispania cha kutosha, chukua mfululizo wa *Divorcio en Montevideo* (1939), *Casamiento en Buenos Aires* (1940) na *Luna de miel en Río* (1940), kwa mpangilio huo. Ili uelewe utani wa jina la kwanza, kumbuka kwamba talaka ilikuwa halali Uruguay tangu 1907, wakati Argentina haikuwapo; wenye fedha walivuka mto kwenda Montevideo kuachana. Na ufahamu kwamba ucheshi wa Catita hauko kwenye visa. Uko kwenye kiambishi kilichokosewa, neno la kisomi lililopachikwa pasipo mahali pake, sentensi iliyoanza kwa adabu ikaishia sokoni. Hapo ndipo tafsiri inapokufa. Manukuu ya mashine ni mabaya zaidi kuliko kutokuwa nayo, kwa sababu mashine inasikia neno lililovunjwa na kuandika lile sahihi. Inamsahihisha Catita, na Catita aliyesahihishwa hachekeshi.

Filamu tuliyoiahidi kwa asiyejua lugha ni *Carmen* ya Amadori (1943). Mshonaji wa mavazi ya opera anapoteza fahamu na kujikuta ndani ya hadithi ya Carmen yenyewe. Kwa kuwa kisa cha opera hiyo ya Bizet kinajulikana, unaweza kuzima sauti ukafuata, na utagundua kitu ambacho mashabiki wa redio hawakisemi sana: Marshall ana mwili wa mchekeshaji wa sinema bubu. Mgongo, mabega, na yale macho yanayokuja nyuma ya jambo kwa nusu sekunde.

Mwaka huo huo jeshi lilichukua madaraka na kuanza kusafisha lugha ya redio. Mashairi ya tango yalibadilishwa, na Catita na Cándida wakaondolewa hewani kwa madai ya kuharibu Kihispania cha wananchi. Baadaye naye alikwenda Meksiko, akarudi katikati ya miaka ya 1950.

Kwa nini Lamarque na Marshall walikwenda Meksiko?

Siasa ni nusu tu ya jibu. Wakati wa Vita Kuu ya Pili Argentina ilikataa kuegemea upande, na Marekani, iliyokuwa ikiuza mikanda mitupu ya filamu, ikaipunguzia mgawo na kuipa Meksiko, iliyokuwa upande wake. Argentina iliyotoa filamu hamsini na kitu mwaka 1942 ilitoa ishirini na kitu mwaka 1945. Mikanda ikiwa haba, studio hupiga kile chenye uhakika wa kuuza, na mwigizaji mwenye jina huenda kule kwenye mikanda. Ukilinganisha watatu hawa usimhukumu yeyote kwa pengo la miaka bila kuangalia kwanza hesabu hiyo.

Nakala: mahali pengi huharibika

Sehemu hii inaweza kubadili uamuzi wako wote, kwa hiyo isome hata kama umeshachagua.

Filamu nyingi za kipindi hiki zimetufikia kupitia nakala za milimita 16 zilizotengenezwa kwa ajili ya televisheni, mikanda ya asili ya milimita 35 ikiwa imeoza, imeungua au imetupwa. Picha ikipungua jicho husamehe. Sauti haisamehewi. Mkanda wa milimita 35 hupita futi 90 kwa dakika. Wa milimita 16 hupita futi 36 tu, kwa hiyo sauti ya muda ule ule imebanwa kwenye nafasi pungufu ya nusu. Kinachopotea kwanza ni sauti za juu kabisa, yaani herufi kama s, f na t. Lamarque anavumilia, maana wimbo uko kwenye irabu. Merello anavumilia kiasi, sauti yake iko chini. Marshall, anayeongea kasi na ambaye utani wake uko kwenye konsonanti, ndiye anayeumia zaidi. Nakala mbovu ya Catita iache, tafuta nyingine.

Tatizo la pili ni mwendo. Filamu yenye sauti hupita picha 24 kwa sekunde, lakini televisheni ya Argentina ilikuwa ya mfumo wa PAL-N, picha 25. Filamu ikirekodiwa kutoka huko huwa imekimbizwa kwa takriban asilimia 4, na sauti hupanda karibu nusu toni. Kwa Merello hutambui. Kwa Lamarque, ambaye tayari yuko juu, inatosha kumfanya aonekane anapiga kelele, na watu wengi wanaosema hawampendi hawajawahi kumsikia kwa sauti yake halisi.

Kuipima ni rahisi. Tafuta urefu wa filamu unaotajwa kwenye orodha za kuaminika. Iliyosajiliwa dakika 90 ikija na dakika 86 na nusu hivi, huku kisa kimekamilika, imekimbizwa. Ikija na 80, si mwendo tu, kuna mandhari yaliyokatwa, na mara nyingi ni pale matangazo yalipowekwa. Iliyokimbizwa irekebishe mwenyewe: kwenye programu ya kuchezea video weka kasi 0.96, kisha zima chaguo linaloshikilia kimo cha sauti kasi inapobadilika. Katika VLC liko kwenye mipangilio ya sauti. Usipolizima, filamu itakwenda polepole na Lamarque atabaki juu vile vile.

Kwa filamu bubu kosa ni kubwa zaidi, kwa sababu zilipigwa kwa picha 16 hadi 20 hivi kwa sekunde. *Perdón, viejita* ikichezwa kwa 24, wote wanatembea kama wamechelewa basi. Ishushe hadi 0.75 au 0.8 na macho yatakuambia pa kusimama: angalia mtu anayemimina kinywaji.

Manukuu, mwisho. Watu wa Buenos Aires wanasema *vos tenés* pale vitabu vya Kihispania vinapofundisha *tú tienes*, na mashine iliyofunzwa Kihispania cha Hispania hupotea hapo. Kwa Merello ongezea lugha ya mitaani: *laburo* ni kazi, *guita* ni pesa, *mina* ni mwanamke. Orodha ya maneno ishirini ya namna hiyo kabla ya *Mercado de Abasto* inasaidia kuliko mwezi wa masomo.

Na kama hakuna hata mmoja anayekuvuta

Wapo watu wasiovumilia nyimbo, ukali wala vichekesho. Kwao kuna wa nne, Mecha Ortiz, yule aliyekuwa kwenye bango la *Mujeres que trabajan*. Aliingia sinema mwaka 1937 katika *Los muchachos de antes no usaban gomina* ya Romero, akapewa jina la Garbo wa Argentina (kwa kumfananisha na Greta Garbo, nyota wa Hollywood), na ingawa jina kama hilo hugawiwa ovyo, hapa lina msingi: sauti ya chini, macho mazito, na uwezo wa kukaa kimya ndani ya fremu bila kuomba ruhusa. Filamu ya kutafuta ni *Safo, historia de una pasión* ya Carlos Hugo Christensen (1943, Lumiton), ambamo yeye ni mwanamke mzoefu na Roberto Escalada ni kijana aliyenaswa. Andika mwaka na jina la mwongozaji unapotafuta, maana kuna filamu nyingine kadhaa za kigeni zenye jina *Safo*. Kihispania kidogo kinatosha. Nusu ya mambo anayatazama tu.